Kusoma urithi kwa panya wa maabara: kutoka kizimbani hadi kwenye hesabu

Mwaka 1902, miaka miwili baada ya kazi ya Gregor Mendel kuhusu urithi wa njegere kufufuliwa, Mfaransa Lucien Cuénot, akiwa mjini Nancy, alionyesha kwamba kanuni zile za njegere zinawahusu wanyama pia. Vifaa vyake vilikuwa panya, vizimba na daftari. Leo maabara zina mashine za kusoma DNA, lakini kazi nyingi za urithi bado huharibikia palepale kwenye daftari: nani alipandishwa na nani, walizaliwa wangapi, na wangapi walikufa kabla hawajaandikwa. Mwongozo huu ni wa mwanafunzi au fundi wa maabara anayeanza. Tutafuata upandishaji mmoja rahisi, wa panya mweusi na panya mweupe, kuanzia kuchagua wazazi hadi kuwahesabu wajukuu.

Panya ninaowazungumzia ni wale wadogo, Mus musculus, ambao mtu mzima wao ana gramu 20 hadi 40. Si panya buku wa Morogoro wanaofunzwa kunusa mabomu ya ardhini na kifua kikuu. Huyo ni mnyama mwingine kabisa.

Hatua ya 1: Andika swali, kisha omba kibali

Kila swali la urithi lina upandishaji wake. Ukitaka kujua kama tabia fulani inabebwa na jeni moja, unawapandisha wazazi wawili tofauti, unapata kizazi cha F1, kisha unawapandisha F1 wao kwa wao upate F2. Ukitaka kujua panya fulani anaficha aleli gani (aleli ni toleo moja la jeni), unampandisha na mwenzake mwenye aleli mbili zinazojificha, halafu watoto wanakuambia. Ukishuku kwamba jeni iko kwenye kromosomu ya X, huwezi kukwepa kuandika jinsia ya kila mtoto. Anayeagiza panya kwanza na kutafuta swali baadaye hujikuta na vizimba vimejaa na hana cha kuandika.

Kibali si mapambo. Tanzania ina Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008, na nchini Kenya leseni ya utafiti inatoka NACOSTI, tume ya taifa ya sayansi. Kokote ulipo, kamati ya taasisi yako itataka kujua utatumia panya wangapi, kwa nini hao na si pungufu, na utawafanya nini watakaobaki. Misingi mitatu ya Russell na Burch ya mwaka 1959 ndiyo inayotumika karibu duniani kote: tumia njia isiyohitaji mnyama kama ipo, punguza idadi, punguza maumivu. Kama swali lako linajibika kwa nzi wa matunda, tumia nzi.

Hatua ya 2: Chagua ukoo, na ujue herufi za mwisho wa jina lake

Panya wa mtaani hafai kwa kazi hii kwa sababu hujui anaficha nini. Panya wa maabara wa koo safi wametokana na kupandisha kaka na dada kwa vizazi 20 au zaidi, hadi zaidi ya asilimia 98 ya sehemu za jeni zao zinabeba aleli mbili zinazofanana. Dume na dume wa ukoo mmoja ni kama mapacha. Aliyeanza mtindo huo ni Clarence Cook Little, mwaka 1909 akiwa Harvard, na ukoo wake wa DBA upo hadi leo. Mwaka 1929 alianzisha Jackson Laboratory huko Bar Harbor, jimbo la Maine, ambayo mpaka sasa husambaza panya kwa watafiti wa dunia nzima.

Ukoo unaotumika kuliko wote ni C57BL/6, panya mweusi. Mababu zake walitoka kwa Abbie Lathrop, mwalimu mstaafu aliyekuwa akifuga panya wa kuuza pale Granby, Massachusetts. Panya wa ukoo huu ndiye pia aliyesomwa DNA yake yote. Matokeo yalichapishwa Desemba 2002 na kuonyesha kwamba takriban asilimia 99 ya jeni za panya zina wenzake kwa binadamu, ingawa panya ana jozi 20 za kromosomu na sisi tuna 23.

Kwa zoezi letu chukua C57BL/6 na BALB/c, ambaye ni mweupe mwenye macho mekundu. Jeni tatu zinatuhusu; kila moja ina aleli mbili, na ile ya herufi kubwa hufunika ya herufi ndogo. Jeni A huamua kama unywele utakuwa na mstari wa njano au la. Jeni B huamua kama rangi nzito itakuwa nyeusi au ya kahawia. Jeni C huamua kama kutakuwa na rangi yoyote hata kidogo. Panya mweusi ni a/a B/B C/C. Panya mweupe ni A/A b/b c/c: amebeba maagizo ya mstari wa njano na ya rangi ya kahawia, ila c/c imefunga bomba lote, hivyo hakuna kinachoonekana.

Sasa herufi za mwisho. C57BL/6J na C57BL/6N walitengana mwaka 1951, na tangu hapo kila upande umejikusanyia mabadiliko yake. J amepoteza kipande cha jeni iitwayo Nnt, inayohusu kazi ya mitokondria. N ana kasoro ya jeni Crb1 inayoharibu macho. Ukimtumia J kama kielelezo cha kulinganisha na panya aliyebadilishwa jeni kutoka ukoo wa N, tofauti utakayoiona inaweza kuwa haina uhusiano wowote na jeni unayoichunguza. Ukoo wa C3H nao mara nyingi hubeba aleli inayowapofusha wakiwa bado wadogo, na mtu akiwapa jaribio la kumbukumbu linalotegemea kuona, atasema hawana akili. Andika jina zima la ukoo, na ulikonunua.

Hatua ya 3: Makazi

Hapa sitakaa sana. Joto la chumba liwe nyuzi 20 hadi 26 za Selsiasi, unyevu asilimia 30 hadi 70, na taa ziwake kwa muda wa saa 12 au 14 kila siku na kuzimwa saa zilizobaki, bila kubahatisha. Taa inayoachwa ikiwaka usiku huvuruga uzazi. Weka maranda safi yasiyo na vumbi wala dawa, chakula cha panya kilichotakaswa kwa mvuke au kisicho na vimelea, maji muda wote, na karatasi laini za kujengea kiota. Kizimba cha kawaida kisizidi panya wazima watano. Madume wasiofahamiana usiwaweke pamoja, watauana.

Usimnyanyue panya kwa mkia kama unaweza kuepuka. Mwache aingie kwenye bomba fupi la plastiki, au mchote kwa viganja viwili. Anatulia zaidi, na panya aliyetulia hutoa vipimo vinavyoaminika. Wewe mwenyewe vaa glavu, koti na barakoa kila siku. Mkojo wa panya, hasa wa dume, una protini inayowaletea watu mzio, na mzio huo ukishaingia unaweza kukutoa kwenye kazi hii moja kwa moja.

Hatua ya 4: Kupandisha

Jike hukomaa akiwa na wiki 6 hadi 8 na huingia kwenye joto kila siku 4 au 5. Majike wengi wakikaa pamoja bila harufu ya dume, mzunguko wao husimama. Hilo ni tatizo, lakini ni nafasi pia: wachukulie maranda machafu ya kizimba cha dume, wawekee, na wengi wataingia kwenye joto usiku wa tatu. Ndipo unapowapeleka kwenye kizimba cha dume. Mpeleke jike kwa dume, si dume kwa jike. Dume mmoja anatosha majike wawili.

Asubuhi na mapema angalia kila jike. Akiwa amepandwa utaona kizibo cheupe, kigumu kidogo, kwenye mlango wa uke. Kwa kawaida hakidumu kutwa, kwa hiyo ukifika saa sita mchana usishangae kutokiona. Siku hiyo andika tarehe. Mimba huchukua siku 19 hadi 21. Kuwa mwangalifu na harufu ya dume mgeni siku chache za mwanzo: mwaka 1959 Hilda Bruce alionyesha kwamba jike aliyetoka kupandwa akikutana na dume asiyemjua, mimba yake inaweza kukatika. Ukipangua vizimba ovyo wiki hiyo, utapata majike yenye kizibo lakini bila watoto, na utabaki kulaumu chakula.

Kosa kubwa la daftari linatokea siku ya kuzaa. Ndani ya saa 24 baada ya kujifungua, jike huingia tena kwenye joto. Dume akiwa bado yumo, jike anapandwa siku hiyohiyo, na wiki tatu baadaye unakuta watoto wachanga wamechanganyika na kaka zao ambao hujawaachisha. Majike wawili wakizaa kizimba kimoja, hunyonyeshana watoto, na hapo mama halisi hajulikani tena ila kwa DNA. Kwa kazi ya urithi, mtenge kila jike mwenye mimba kwenye kizimba chake siku chache kabla ya kuzaa na umwache dume alikotoka. Inakula vizimba vingi. Ilipie.

Jambo moja zaidi: pandisha pande zote mbili, jike mweusi kwa dume mweupe, na jike mweupe kwa dume mweusi. Katika maandishi, mama hutajwa kwanza. Kwa rangi ya manyoya majibu yatafanana, lakini si kila jeni ina adabu hiyo. Mwaka 1991 ilionyeshwa kwamba panya aliyerithi jeni mbovu ya Igf2 kutoka kwa baba huzaliwa mdogo sana, ilhali aliyeirithi kutoka kwa mama huzaliwa na ukubwa wa kawaida. Jeni ni ileile na kasoro ni ileile. Kilichobadilika ni mzazi aliyeileta. Anayepandisha upande mmoja tu hawezi kuliona hilo hata siku moja.

Hatua ya 5: Watoto

Wanazaliwa 6 hadi 8, wekundu, bila manyoya, macho yamefumba. Usiwasumbue bila sababu, mama akitishika anaweza kuwala. Lakini lazima uwahesabu mapema, kwa sababu mtoto aliyeliwa usiku wa kwanza ni tarakimu iliyopotea. Njia ni kusugua glavu zako na maranda ya kiota hichohicho, kumsogeza mama pembeni, kuhesabu haraka na kuondoka.

Ukiangalia vizuri siku hiyo ya kwanza, rangi tayari inaanza kusema. Mtoto atakayekuwa na rangi ana jicho jeusi linaloonekana kupitia ngozi ya kope iliyofumba. Mtoto atakayekuwa mweupe hana doa hilo. Kwa hiyo jeni C unaweza kuisoma kabla unywele haujaota. Manyoya hutokeza mwishoni mwa wiki ya kwanza, macho hufunguka siku ya 12 hadi 14, na siku ya 21 unawaachisha kunyonya, majike kizimba chao na madume chao. Jinsia unaitambua kwa umbali kati ya njia ya haja ndogo na ya haja kubwa: kwa dume ni mrefu zaidi. Waweke ndugu wawili sambamba ndipo utofautishe. Kwa jike, chuchu huonekana wazi wakiwa na siku 9 au 10.

Kizazi cha F1 huwashangaza wengi. Baba mweusi, mama mweupe, na watoto wote si weusi, si weupe, si wa madoadoa: wote wana rangi ya panya pori. Ng'oa unywele mmoja mgongoni uuweke kwenye karatasi nyeupe chini ya lenzi. Utaona ncha nyeusi, chini yake mkanda mwembamba wa njano, kisha nyeusi tena hadi shinani. Seli ya rangi ilikuwa inatengeneza nyeusi, ikabadilisha kwa siku chache ikatoa njano, ikarudi kwenye nyeusi. Agizo la mkanda, A, limetoka kwa mzazi mweupe ambaye mwenyewe hana hata chembe ya rangi. Nyeusi ya B na ruhusa ya C zimetoka kwa mzazi mweusi. F1 ni A/a B/b C/c, na mzazi mweupe ndiye aliyekuwa ameficha kitu.

Hatua ya 6: Alama na DNA

Siku ya kuachisha, mtoboe kila mtoto sikio kwa mpangilio wa namba wa maabara yako. Kipande kilichotoka usikitupe, ndicho sampuli yako ya DNA, na kwa njia hii mnyama ameguswa mara moja kwa kazi mbili. Wengine hukata ncha ya mkia. Kama kamati imekuruhusu, milimita 2 zinatosha, na ifanyike kabla mtoto hajavuka wiki tatu.

Kuitoa DNA si ghali. Kipande kinachemshwa kwenye myeyusho wa sodiamu haidroksaidi wa milimola 25 kwa lita wenye EDTA kidogo, nyuzi 95, kwa nusu saa hadi saa nzima. Kinapozwa, kinaongezwa Tris kiasi kilekile, na majimaji ya juu yanaingia moja kwa moja kwenye mashine ya PCR, inayonakili kipande cha DNA unachokitaka ili kionekane kama mstari kwenye jeli. Kila safari weka vielelezo vinne: mwenye aleli mbili za aina moja, mwenye mbili za aina ya pili, mwenye moja-moja, na maji matupu. Maji yakitoa mstari kwenye jeli, majibu yote ya siku hiyo hayana thamani. Badilisha mkasi au usafishe kati ya panya na panya. Damu ya mmoja kwenye sampuli ya mwingine hukutengenezea aleli isiyokuwepo.

Utauliza, rangi si inaonekana kwa macho, DNA ya nini? Kwa sababu ya weupe. Panya wa c/c anaweza kuwa amebeba A au a, B au b, na kwa nje wote ni sawa.

Hatua ya 7: F2 na hesabu

Wapandishe F1 wao kwa wao. Kuanzia upandishaji wa kwanza hadi F2 kuachishwa kunyonya, panga miezi minne. Kama jeni zote tatu zinarithiwa kila moja kivyake, na ndivyo ilivyo kwa sababu ziko kwenye kromosomu tofauti (2, 4 na 7), basi katika kila wajukuu 64 tarajia 27 wa rangi ya pori, 9 weusi, 9 wa kahawia wenye mkanda wa njano, 3 wa kahawia tupu, na 16 weupe. Babu na bibi walikuwa weusi na weupe tu. Kahawia hakuwepo kwa macho popote.

Majibu yako hayatalingana na hizo namba sawasawa. Tuseme katika 64 umepata 52 wenye rangi na 12 weupe, wakati ulitarajia 48 na 16. Chukua tofauti, izidishe kwa yenyewe, igawe kwa ulichotarajia, ujumlishe: 16 kwa 48 ni 0.33, na 16 kwa 16 ni 1. Jumla 1.33. Kwa makundi mawili, mpaka wa kawaida ni 3.84; ukiupita, bahati tupu haitoshi kuieleza tofauti. Uko chini, kwa hiyo huna sababu ya kuikataa 3 kwa 1.

Hapa ndipo idadi inapokuwa suala la maadili na la sayansi kwa wakati mmoja. Cuénot alipowapandisha panya wa njano wao kwa wao, hakupata kamwe wa njano mwenye aleli mbili za njano.  Mwaka 1910 William Castle na Little walipata karibu 2 kwa 1 badala ya 3 kwa 1, wakaeleza sababu: hao wenye aleli mbili hufa tumboni. Sasa fikiria wewe ndiye unayeifanya kazi hiyo na umepata watoto 60, yaani 40 wa njano na 20 wasio wa njano. Ukipima dhidi ya 45 na 15, unapata 2.22. Chini ya 3.84. Ungeandika kwamba ni 3 kwa 1 na ungekosea. Ukiwa na 120, yaani 80 na 40, dhidi ya 90 na 30, unapata 4.44 na ukweli unajitokeza. Panya wachache mno ni wanyama waliopotezwa bure, kama vile panya wengi mno. Piga hesabu hiyo kabla ya kuomba kibali.

Na pale watoto wa uzazi mmoja wanapopungua kwa robo, angalia tumboni. Ila kama hukuhesabu siku ya kwanza, hutajua kama robo hiyo ilikufa kabla ya kuzaliwa au iliishia mdomoni mwa mama.

Ikiwa tabia yako si rangi

Tabia nyingi zenye maana haziji kwa makundi mawili safi. Mfano wa karibu upo Nairobi, kwenye taasisi ya utafiti wa mifugo ya ILRI. Ng'ombe wa N'Dama wa Afrika Magharibi huvumilia ugonjwa wa nagana unaoenezwa na mbung'o, ng'ombe wa aina nyingine hufa. Kuwapandisha ng'ombe kungechukua miaka mingi, lakini panya nao wanatofautiana: wakiambukizwa kimelea cha nagana, Trypanosoma congolense, C57BL/6 huishi muda mrefu, ilhali A/J hufa mapema zaidi. Watafiti waliwapandisha hadi F2, wakapima kila mjukuu aliishi siku ngapi, kisha wakaangalia ni sehemu gani za DNA zinazoambatana na kuishi. Mwaka 1997 walitangaza sehemu tatu, kwenye kromosomu 17, 5 na 1.

Utaratibu ni uleule wa hatua saba hapo juu, ila badala ya kuhesabu rangi unapima kiasi, na badala ya wajukuu 64 unahitaji mamia. Kila mmoja apimwe kwa njia moja, ikiwezekana na mtu asiyejua jenotaipu yake, yaani aleli alizobeba. Kwa ugonjwa, kamati itataka pia dalili ambazo zikionekana mnyama anaondolewa mateso mara moja. Ziandikwe mapema, wala zisiamuliwe na anayesubiri data.

Ripoti itaje jina zima la ukoo na chanzo chake, nani alikuwa mama na nani baba, umri, jinsia, waliozaliwa, waliokufa na lini, na waliotupwa nje ya hesabu na kwa nini. Safu hiyo ya mwisho wengi huiacha wazi. Msimamizi makini huanza kusoma hapo.